Kope zikigeukia ndani, kuzing'oa si tiba

Vijijini tunawaona bibi zetu wakitembea na kibanio cha kung'olea kope. Chanzo ni vikope, yaani trakoma. Ugonjwa huu ukimrudia mtu tangu utotoni huacha makovu ndani ya kifuniko cha jicho. Kifuniko hujikunja, kope zikachoma jicho. Ukizing'oa unapata nafuu, lakini huota tena, na zilizokatika huchoma zaidi. Kioo cha jicho kikichubuka kila siku, mtu hupofuka, na kuona tena ni vigumu. Mpelekeni bibi kituo cha afya mapema: upasuaji mdogo, kwa sindano ya ganzi, huzirudisha kope nje. Watoto nao waoshwe uso kila siku, kila mmoja na kitambaa chake, kwa sababu nzi, mikono na vitambaa hueneza vikope.