KUMBE NUSURA WAYAHUDI WAWE MAJIRANI ZETU!

Kutoka Sirari hadi Nairobi na Kisumu, mwandishi wetu na binamu yake watembezwa kwa mguu kwenye historia ambayo hakuna aliyewahi kuwasimulia

Ukizaliwa Tarime au Mugumu, neno "utalii" lina maana moja tu: Mzungu, Landrover na simba. Wao wanapita, sisi tunabaki kando ya barabara tunapungia mkono vumbi. Mimi nami nilikuwa hivyo hivyo, mpaka binamu yangu wa Mugumu aliponijia na safari yake.

Binamu amesomea kuongoza watalii. Mwaka 2020 korona ilipowakausha wageni Serengeti, cheti akakifungia kabatini, akaanza kuuza vocha. Siku hizi wageni wamerudi, lakini yeye ana wazo lingine kichwani.

"Nasikia Nairobi kuna watu wanatembeza wageni mjini, wanaonyesha majumba tu, na wanalipwa," akaniambia. "Nataka nikawaone hao wanaouza historia bila simba."

Nikacheka. Lakini nauli alikuwa nayo, na mimi wikiendi sikuwa na la kufanya. Basi bwana, Ijumaa jioni tukagonga mihuri Sirari, kadi za homa ya manjano mkononi, tukapanda basi la usiku. Migori, Kisii, Narok. Alfajiri tukashuka Nairobi tunatetemeka kama vifaranga vilivyonyeshewa.

KIKOFIA KWANZA

Mwongozaji wetu alikuwa dada mmoja, raba miguuni, sauti ya mwalimu wa darasa la nne. Ziara yake ya siku hiyo ilihusu Wayahudi wa Nairobi. Nilidhani anatania. Wayahudi ninaowajua mimi ni wa kwenye Biblia na kwenye taarifa ya habari. Hawa wa Nairobi wametokea wapi?

Jibu liko kwenye kona ya Uhuru Highway na University Way. Pale pana sinagogi, nyumba ya ibada ya Wayahudi, katikati ya mji, na maelfu ya watu wanaipita kila siku bila kugeuza shingo. Jumuiya yenyewe ilianzishwa mwaka 1904, Nairobi ikiwa bado kijiji cha mabati na matope. Jiwe la msingi la sinagogi la kwanza liliwekwa mwaka 1912. Hili lililopo sasa ni la miaka ya 1950.

Usidhani unaingia kama unaingia sokoni. Majina yetu yalipelekwa mapema, na getini pasipoti zikakaguliwa mbele na nyuma. Dada akatueleza sababu. Novemba 28, 2002, magaidi walilipua hoteli ya Waisraeli huko Kikambala, karibu na Mombasa. Walikufa Wakenya 10 na Waisraeli watatu. Tangu hapo hakuna anayecheza na geti.

Ndani, mwanamume lazima afunike kichwa. Tukapewa vikofia vidogo vya duara. Binamu akakigeuza chake mara mbili akitafuta kilikobakia. "Hiki ni kibaraghashia kilichokatwa?" Dada akamkazia macho, akanyamaza.

Hakuna sanamu wala picha ya mtu. Kuna kabati upande wa kuelekea Yerusalemu, ambako huhifadhiwa Torati iliyoandikwa kwa mkono juu ya ngozi na kuviringishwa kama mkeka. Tukakaa kwenye viti, dada akaanza kutoa mkanda wote.

SHAMBA LA MTU LINAGAWIWA

Mwaka 1903 mjini Kishinev, katika himaya ya Urusi, Wayahudi 49 waliuawa na makundi ya watu kwa siku chache tu. Wengi wakawa wanatafuta pa kukimbilia. Waziri wa Makoloni wa Uingereza, Joseph Chamberlain, alikuwa ametoka kupanda treni yetu ya Mombasa mwishoni mwa 1902, akaona nyanda za juu zenye baridi na majani. Akamwambia Theodor Herzl, kiongozi wa Wazayuni: chukueni hapa.

Hapa wapi? Uasin Gishu, kule iliko Eldoret leo! Eneo la maili za mraba 5,000 hivi. Mpango ukaitwa wa "Uganda" kwa sababu sehemu hiyo ilikuwa chini ya Uganda mpaka mwaka 1902. Kutoka Sirari huko ni safari ya siku moja kwa basi, na siku hiyo haiishi.

Agosti 1903 Wazayuni wakakutana Basel, Uswisi, wakapiga kura: 295 wakasema tukatazame, 178 wakakataa katakata, wengine wakatoka ukumbini wanalia. Wakatumwa watu watatu: Mwingereza Gibbons, Mswisi Kaiser na Wilbusch, mhandisi Myahudi kutoka Urusi. Waliondoka Ulaya mwishoni mwa 1904, wakazunguka nyika, wakarudi. Wilbusch alisema hapafai. Walowezi wa Kizungu wa Nairobi nao, wakiongozwa na Lord Delamere, walikuwa wamekwisha kupiga kelele kwamba hawawataki. Herzl alifariki Julai 1904 bila kuona mwisho wake. Mwaka 1905 mkutano mkuu ukaukataa mpango, wakabaki na nia moja tu, Palestina.

Binamu akanyoosha mkono kama mwanafunzi. "Dada, samahani. Na wenye shamba? Wao waliulizwa?"

Dada akatabasamu kwa mara ya kwanza. Hapana, hawakuulizwa. Wamaasai walikuwa wakichunga kwenye nyanda hizo, na jirani zao Wanandi walikuwa bado wanapigana na Waingereza. Kiongozi wao, Koitalel arap Samoei, aliuawa Oktoba 1905, mwaka ule ule Basel walipofunga jalada.

Mtu wa Tarime hahitaji kufafanuliwa hapo. Kwetu watu wameshikana mapanga kwa ajili ya mpaka wa shamba la mihogo. Sasa fikiria watu wamekaa Ulaya, mezani, wanapigiana kura kuhusu malisho ya ng'ombe wako. Na bado huwezi kumchukia yule mkimbizi aliyekuwa anachinjwa kwao. Wote wawili walikuwa na haki ya kulia. Aliyegawa hakulia.

MAGODORO YA MAJANI

Taifa halikuja, lakini watu wachache walikuja. Abraham Block, Myahudi wa Lithuania, aliingia mwaka 1903 akipitia Afrika Kusini. Inasimuliwa kwamba alianza kwa kushona magodoro ya majani makavu na kuyauza kwa hoteli. Mwaka 1927 akainunua hoteli ya Norfolk yenyewe, iliyofunguliwa Krismasi ya 1904!

Tukaenda kuitazama, ni mwendo wa dakika chache. Tulisoma bei ya chai, tukairudisha karatasi mezani taratibu, tukatoka.

Lakini pale pana mengine. Vita Kuu ya Pili ilipoanza mwaka 1939, Waingereza waliwakamata Wajerumani wote Kenya, wakiwamo Wayahudi waliomkimbia Hitler. Yaani unakimbia simba, unafungwa kwa kosa la kutoka msituni! Stefanie Zweig alikuwa mtoto wa familia kama hiyo, akaandika kitabu, na filamu iliyotokana nacho ilipata tuzo ya Oscar mwaka 2003. Mjini kwenyewe, Israel Somen alikuwa Meya wa Nairobi miaka ya 1950. Halafu Desemba 31, 1980, bomu likalipuka Norfolk. Inaaminika kilikuwa kisasi, kwa sababu mwaka 1976 Kenya iliruhusu ndege za Israeli zijaze mafuta Nairobi zilipotoka kuokoa mateka Entebbe.

Na usifikiri ni Wazungu tu. Kule Mbale, Uganda, Semei Kakungulu alianzisha jumuiya ya Abayudaya mwaka 1919. Weusi kama mimi na wewe. Idi Amin aliwapiga marufuku, wakasali kwa kujificha, na mpaka leo wapo.

KOKOTO MFUKONI

Mwisho wa ziara ilikuwa makaburi ya Wayahudi. Hakuna maua. Juu ya mawe ya makaburi kuna kokoto ndogo ndogo. Dada akasema ndiyo desturi yao: ukija unaweka kijiwe, kuonyesha kwamba mtu alifika na marehemu hajasahauliwa.

Binamu akakaa kimya kupita kiasi. Usiku kwenye basi la Kisumu ndipo akanifungukia. Babu yake mzaa mama alikuwa kuli bandari ya Kisumu, enzi za Jumuiya ya Afrika Mashariki. Mwaka 1977 Jumuiya ikafa na Tanzania ikafunga mpaka. Mzee akafia huko huko, wenzake wa kazi wakamzika. Habari zilifika nyumbani miezi kadhaa baadaye. Mpaka ulipofunguliwa mwaka 1983, aliyejua kaburi hakuonekana tena.

Kumbe safari haikuwa ya kusoma biashara tu. Nikakosa la kusema.

BANDARI YA FLORENCE

Kisumu asubuhi inanukia ziwa na makaa. Mzee mmoja mwenye mtumbwi pale Dunga alikubali kututembeza. "Vijana wangu, nyinyi ni wa Musoma?" "Wa Tarime, mzee. Huyu wa Mugumu." Akasema basi sisi ni wa maji yale yale, akapunguza bei.

Reli ilifika hapa Desemba 1901, na mahali pakaitwa Port Florence. Meli zilitengenezwa Uingereza, zikafunguliwa vipande vipande, zikaletwa na kuunganishwa hapa. Baadaye ungeweza kupanda Kisumu ukashuka Musoma, Mwanza au Bukoba. Jumuiya ilipokufa wakagawana meli kama watoto wa mirathi: MV Victoria ikawa yetu, MV Uhuru ikawa yao.

Mtumbwi ukapita kando ya gugumaji, tukaitazama bandari ya zamani kutoka majini. Binamu akamweleza mzee habari za babu. Mzee akazima injini. Akasema makuli wa Tanganyika walikuwa wengi, na yeye alikuwa mtoto, hawezi kusema uongo kwamba anamkumbuka mmoja.

Tuliporudi nchi kavu, binamu akaokota kijiwe. Akakiweka juu ya jiwe kubwa ufukweni, uso kuelekea bandarini, akataja jina la babu yake kwa sauti. Mzee akavua kofia. Halafu tukala ngege wa kukaanga (kwetu sato) na ugali, na hakuna aliyetania mpaka sahani zikaisha.

NA KWETU JE?

Ukitaka kwenda, shika haya: hati ya kusafiria na kadi ya manjano, omba ruhusa ya sinagogi mapema, na pale Sirari usibadili fedha na kijana anayekukimbilia.

Lakini swali la binamu ndilo lililonisumbua mpaka nyumbani. Ikoma kuna boma la Wajerumani, wageni wanalipita wakiwahi nyumbu. Shirati, iliyokuwa Tarime kabla ya Rorya kuzaliwa mwaka 2007, ina ufuko na misheni ya Wamenoni ya mwaka 1934. Musoma ina bandari yake. Mwongozaji yuko wapi?

Wiki iliyopita nilimkuta Mugumu, daftari mkononi, amekaa na wazee watatu chini ya mti. Anaandika majina. Vocha anauza mdogo wake.