Kung'oa Meno ya Mbwa na Paka

Leo twapenda kuzungumza habari za meno ya mbwa na paka, na jinsi yanavyong'olewa. Katika Ubaruku, penye mashamba ya mpunga ya bonde la Usangu, wanyama hawa wawili ni walinzi. Paka huzuia panya wasile mpunga ghalani. Mbwa hufuatana na wachungaji mchana, na usiku hulinda nyumba. Mlinzi mwenye jino bovu hali vizuri, na asiyekula hana nguvu za kazi yake.

Kwanza yafaa tujue hesabu. Mbwa mzima ana meno 42, na paka 30. Meno ya utoto ya mbwa ni 28, na ya paka 26; nayo huanguka yenyewe kabla mnyama hajatimiza miezi 7 au 8. Basi ukiona jino dogo limeanguka uani, usiogope.

Meno ya ukubwani huharibika kwa njia nyingi. Pengine jino huvunjika kwa kutafuna mfupa mgumu au jiwe. Pengine ukoga hujikusanya, ufizi ukavimba, na mfupa ulishikao jino ukalika. Dalili zake ni harufu mbaya kinywani, kutafuna kwa upande mmoja, na pengine uvimbe chini ya jicho, kwa kuwa mizizi ya gego kubwa la juu hukaribia hapo.

Wako wadhanio kwamba koleo na mikono yenye nguvu yatosha. Sivyo. Gego lile lina mizizi mitatu, na mzizi wa chonge ni mrefu kuliko sehemu yake ionekanayo. Avutaye kwa nguvu huweza kuuvunja mzizi ukabaki ndani na usaha, au kulivunja taya lenyewe. Daktari wa mifugo humlaza mnyama kwa dawa ya usingizi, hulikata gego vipande kwa kadiri ya mizizi yake, hulegeza kila kipande polepole, kisha hukitoa na kuushona ufizi. Baadaye mnyama hupewa chakula laini. Wala asipewe dawa za maumivu za watu: kidonge kimoja cha parasetamoli chaweza kumwua paka.

Lakini neno lililo kubwa kuliko yote ni hili. Mbwa atokwaye na mate mengi, taya limelegea, asiweze kumeza, huenda hana jino bovu wala mfupa kooni. Huenda ana kichaa cha mbwa. Mtu mwenye huruma humfungua kinywa ili amsaidie, kumbe ugonjwa umo katika mate yale. Usitie mkono kamwe. Waondoe watoto, kisha mwite afisa mifugo. Aliyeumwa, au aliyeingiwa na mate katika mkwaruzo, na akioshe kidonda kwa maji mengi na sabuni muda wa dakika 15, kisha aende hospitali siku iyo hiyo achanjwe. Asingoje, maana dalili zikiisha kuanza, karibu kila mgonjwa hufa.

Basi tuwachanje mbwa na paka wetu kila mwaka, tuwatazame walavyo, na kazi ya kung'oa tumwachie mwenye elimu yake.