Ilani ya Deni na Muda wa Kuijibu

Kila yafikapo majira ya marejesho ya kodi, wasomaji wetu waishio Marekani hutuletea suala lile lile kwa maneno mbalimbali: fedha alizokuwa mtu akizitarajia kwa karo ya watoto, au kwa kupeleka nyumbani, zimezuiwa na Hazina kwa ajili ya deni la zamani, naye hakuitwa mahakamani wala hakuuona uso wa hakimu. Wengi hudhani kwamba sheria imevunjwa. Aghalabu haikuvunjwa, na hilo ndilo linalotia uchungu zaidi.

Kwa sheria za mwaka 1982 na 1996, serikali kuu ya nchi ile yaweza kuchukua marejesho ya mdaiwa, na hata sehemu ya mshahara wake, pasipo hukumu ya mahakama, maadamu imetanguliza ilani ya maandishi inayotaja asili ya deni na kiasi chake, na inayomjulisha mdaiwa haki yake ya kukagua kumbukumbu za deni, ya kutaka deni liangaliwe upya, na ya kuafikiana na ofisi inayomdai juu ya kulilipa kidogo kidogo.

Mtego umo katika ilani hiyo. Sheria ya makato ya mshahara haidai kwamba barua imfikie mdaiwa mkononi. Yatosha kuwa imetiwa posta kwa anwani ya mwisho inayojulikana, ilhali watu wetu huhama kutoka chumba walichopangiwa siku ya kuwasili hadi nyumba kubwa kidogo, na kutoka jimbo hadi jimbo wakifuata kazi za viwanda vya nyama na maghala. Mtu huiarifu posta kuwa amehama, akadhani amemaliza. Lakini posta huzifuatisha barua kwa muda wa miezi 12 tu, na ofisi inayomdai haina habari naye.

Tuseme barua imefika. Kwa makato ya mshahara, ambayo yaweza kufikia asilimia 15 ya kinachosalia baada ya makato ya lazima, ilani hutangulia kwa siku 30, na aliyeipokea akaona ana mwezi mzima wa kutafakari. Sivyo. Ombi la maandishi la kusikilizwa, ili liuzuie mkono wa serikali kabla haujagusa mshahara, sharti liwe limepokewa na ofisi ndani ya siku 15 za kazi tangu ilani ilipotiwa posta: limepokewa, si limetumwa. Atakayechelewa atasikilizwa, naam, lakini mshahara utakuwa ukikatwa huku shauri likingoja. Sijui ni insafu gani iliyompimia muda huo mtu afanyaye kazi ya usiku na asomaye Kiingereza kwa kuazima macho ya mwanawe wa shule.

Wazee wetu wapokeao malipo ya Social Security wana kanuni zao, nazo huwachanganya zaidi. Ofisi ikidai kuwa imewalipa kupita haki, ziko njia mbili zisizofanana. Asemaye kwamba hesabu si sahihi huomba uamuzi uangaliwe upya, kwa fomu SSA-561, ndani ya siku 60. Akubaliye hesabu, lakini hana kosa wala uwezo wa kurudisha, huomba asamehewe, kwa fomu SSA-632, na ombi hilo halina ukomo wa muda. Mwenye hoja zote mbili azilete zote mbili. Ombi lolote kati ya haya likifika ndani ya siku 30, makato hayaanzi mpaka uamuzi utolewe. Kupiga simu na kumlalamikia karani, hata akiwa mpole namna gani, hakuhesabiwi kuwa ombi la maandishi.

Nao wake wanaotia saini karatasi moja ya kodi pamoja na waume zao, wakaona marejesho yote yamekwenda kulipa deni la mume peke yake, wafahamu kuwa sehemu iliyo yao hudaiwa kwa fomu 8379. Kadhalika waume kwa madeni ya wake. Wachache mno huidai.

Basi, ndugu zangu, kila mhamapo ijulisheni kila ofisi mliyopata kupokea kwayo msaada wa chakula, posho au mkopo. Bahasha zihifadhiwe, kwa kuwa muhuri wa posta ni ithibati; maombi yapelekwe kwa rejesta, na nakala ibaki nyumbani. Anayepiga simu akitaka deni lilipwe kwa kadi za zawadi za dukani ni mwizi, hata akitaja jina lako kamili. Na katika ofisi za Social Security mkalimani wa Kiswahili ni bure: mtakeni kabla ya kutia saini karatasi yoyote, wala msikubali mtoto awekwe mahali pake.