Biskuti Iliyopita Mikono Mingi

Wanangu, kabla sijaanza, nendeni jikoni mkaombe punje moja ya karafuu. Msiitafune. Iwekeni juu ya ulimi, mfumbe mdomo, mngoje. Kwanza mtahisi ukali, kisha joto, kisha ulimi utaanza kufa ganzi. Ladha hiyo, ambayo sisi tumeizoea kwenye pilau na chai ya maziwa, ndiyo inayowajulisha watoto wa mji mmoja wa Ujerumani kwamba Krismasi imekaribia. Mji wenyewe ni Nuremberg, na biskuti yao ya sikukuu inaitwa Lebkuchen. Nilipita kule safarini mwezi wa Desemba, nikajiandikisha katika darasa la kuipika. Leo nawasimulia yaliyomo ndani ya bakuli lile, maana ni mengi kuliko unga na sukari.

Nuremberg haina bahari. Iko kusini mwa Ujerumani, katika jimbo la Bavaria, na pwani iko mbali mno. Desemba baridi yake inauma masikio, na saa kumi na moja ya jioni tayari ni giza. Mkarafuu haumei pale, wala mdalasini, wala iliki. Basi mji kama huo ulipataje kusifika kwa biskuti za viungo?

Jibu la kwanza liko msituni. Nuremberg imezungukwa na msitu mkubwa uitwao Reichswald, na zamani, sukari ilipokuwa ghali na adimu Ulaya, utamu wa watu ulikuwa asali. Msitu ule ulijaa nyuki. Kwetu, mrinaji wa Tabora huchonga mzinga wa gogo akautundika mtini. Warinaji wa Nuremberg walichonga tundu ndani ya mti wenyewe ukiwa hai, juu kabisa, wakaliziba kwa ubao na kuacha upenyo mdogo wa nyuki kupita. Kazi yao ilithaminiwa hata mwaka 1350 Mfalme Karl IV akawapa haki zao kwa maandishi. Waliruhusiwa kutembea na silaha, pinde za mtambo, jambo ambalo si kila mtu wa kawaida aliruhusiwa.

Jibu la pili liko barabarani. Njia kuu za biashara zilikutana mjini hapo, na wafanyabiashara wake walivuka milima ya Alps mpaka Venice kununua pilipili, tangawizi, kungumanga na karafuu. Asali ya msituni ikakutana na viungo vya mbali, na mwaka 1395 tayari maandishi ya mji yanamtaja mtu ambaye kazi yake ilikuwa kuoka Lebkuchen. Mwaka 1643 waokaji hao wakapata chama chao wenyewe, mbali na waokaji wa mikate. Na kuna kisa kinachopendwa sana pale: mwaka 1487 Kaisari Friedrich III, alipokuwa mjini, aliwaalika watoto wapatao elfu nne, akawagawia biskuti zenye sura yake juu. Hebu fikirini mtoto aliyeshika biskuti ile, hajui aanze kumla Kaisari kichwani au miguuni.

Sasa tuingie darasani. Mwalimu wetu alikuwa mama mtu mzima aliyefunga aproni nyeupe, mikono yake imekomaa kwa kazi. Meza ilikuwa ndefu, na pembeni yake tulisimama wageni kutoka kila upande, wakubwa kwa wadogo. Alianza na aina inayoheshimiwa kuliko zote, iitwayo Elisenlebkuchen. Hiyo ina sheria yake: lozi na njugu za miti zisipungue robo ya uzito wote, na unga usizidi sehemu moja ya kumi. Wengi huipika bila unga kabisa. Tangu mwaka 1996 Umoja wa Ulaya unalilinda jina la Lebkuchen za Nuremberg, kwa hiyo anayeoka nje ya mji huo hana ruhusa ya kuziita kwa jina hilo.

Tulipiga mayai na sukari mpaka yakapauka na kufura. Tukatia lozi zilizosagwa, kisha maganda ya machungwa na malimau yaliyopikwa ndani ya sukari na kukatwa vipande vidogo. Halafu vikaja viungo: mdalasini, karafuu, iliki, tangawizi, giligilani, kungumanga na basibasi. Nilipovinusa nilisahau kwamba nje kuna baridi. Nilijiona nipo kwenye duka la viungo Darajani, Unguja.

Baada ya hapo mwalimu akafungua kichupa kidogo, akakipitisha meza nzima tukinuse. Kijana mmoja akaziba pua akarudi nyuma! Kilinuka vikali, kama choo ambacho hakijamwagiwa maji. Ilikuwa chumvi ambayo watu wa zamani waliipata kwa kuchoma pembe za kulungu, ingawa siku hizi hutengenezwa kiwandani. Ikipata joto la jiko hugeuka hewa yote, na hewa hiyo ikitafuta njia ya kutoka huinua biskuti. Harufu mbaya nayo huondoka, mradi biskuti iwe nyembamba. Ukiitia kwenye keki nene, harufu itabaki ndani. Donge la asali, ambalo ni aina nyingine ya Lebkuchen, hutiwa chumvi nyingine inayotokana na majivu ya kuni. Hiyo ni ndugu wa magadi mnayoyaona nyumbani yakitiwa kwenye maharage ili yaive upesi. Waokaji wa kale walilikanda donge hilo wakaliacha likae wiki, hata miezi, ndipo wakalioka.

Rojo lile zito tulilipaka juu ya vipande vya duara, vyeupe, vyembamba kama karatasi. Vinaliwa. Ni unga na maji tu, vya namna ileile ya hostia ambayo Wakatoliki huipokea kanisani. Watawa walikuwa mafundi wa kuoka vitu hivyo, na inaaminika kwamba ni wao walioanza kuvitandika chini ya Lebkuchen ili zisigande kwenye bati. Unachovya kisu majini, unapaka rojo kutoka katikati kuelekea ukingoni, unaliacha katikati liwe nene kidogo. Kazi ya mikono yenye subira. Nilipenda kuona watoto waliokuwa wakipiga kelele wananyamaza wenyewe, kila mmoja ameinamia kipande chake.

Biskuti hazikuingia jikoni papo hapo. Inabidi zilale usiku mzima zikauke juu, ziote ngozi nyembamba, ndipo zikiokwa ndani hubaki laini. Mwalimu alikuwa ametayarisha nyingine jana yake, tukaoka hizo. Zilipokuwa jikoni nilimuuliza, “Mama, karafuu hizi zinatoka wapi?” Akaligeuza kopo atazame. Lilikuwa na jina la kampuni tu. Akaniuliza nami nimetoka wapi. Nikamwambia Pwani ya Afrika Mashariki, karibu na visiwa vya Unguja na Pemba. Akaweka kopo chini, akaniomba niwaeleze wote jinsi karafuu inavyovunwa. Nami sikukataa.

Niliwaeleza kwamba karafuu ni ua ambalo halijachanua. Likichanua, thamani imekwenda. Kwa hiyo mchumaji hupanda mkarafuu, mti mrefu wenye matawi yanayokatika kwa urahisi, akachuma vishada kwa mkono, tawi kwa tawi. Jioni familia hukaa pamoja kuchambua, karafuu huku, makonyo kule. Kisha huanikwa juani juu ya majamvi siku kadhaa mpaka ziwe kahawia na ngumu, na mvua ikitishia kila mtu hukimbia kuzianua. Watoto huzifanya kazi hizo pia, na wengine mnaosoma hapa mnazijua kuliko mimi.

Lakini kuna yaliyobaki, nami nawaambia ninyi kwa sababu ni historia yenu.

Katika jumba la makumbusho la taifa lililopo Nuremberg kuna tufe la dunia lililotengenezwa mwaka 1492 na Martin Behaim, mwenyeji wa mji huo. Ndilo tufe la dunia la zamani kuliko yote yaliyobaki. Amerika haimo, kwa sababu habari zake zilikuwa hazijafika. Juu yake Behaim aliandika maelezo marefu kuhusu viungo: jinsi vinavyotoka visiwa vya mashariki, vinavyopita kutoka mkono wa mfanyabiashara mmoja kwenda wa mwingine, kila mmoja akiongeza faida na kila bandari ikitoza ushuru, hadi vinafika Ujerumani. Hesabu ya mikono hiyo inafika 12. Matajiri wa Ulaya walitaka kuipunguza, na njia waliyoifikiria ilikuwa bahari yetu.

Mwaka 1498 Vasco da Gama alifika Malindi, akavuka kwenda India. Mwaka 1505 Wareno wakatuma kundi kubwa la merikebu chini ya Francisco de Almeida. Merikebu tatu kati ya hizo ziligharimiwa kwa fedha za wafanyabiashara wa Kijerumani na wa Kitaliano, na miongoni mwa Wajerumani hao zilikuwamo familia za Imhoff na Hirschvogel, matajiri wa Nuremberg. Walitaka pilipili na viungo. Njiani, mwezi wa Julai, kundi hilo liliiteka Kilwa na kuipora. Mwezi wa Agosti likaipora Mombasa na kuichoma moto. Alikuwamo Mjerumani mmoja, Balthasar Sprenger, aliyeyaona yote hayo, akarudi kwao na kuchapisha kijitabu mwaka 1509. Viungo vikafika. Jiko la sikukuu likanukia. Wanawake na watoto wa Mombasa waliopoteza nyumba hawakutajwa mezani.

Karafuu za wakati huo hazikutoka kwetu. Zilitoka visiwa vya Maluku, Indonesia ya leo. Mikarafuu ililetwa Zanzibar mwanzoni mwa karne ya 19, na chini ya mtawala wake, Sayyid Said bin Sultan, mashamba yakaenea. Waliopanda na kuchuma walikuwa watumwa, watu waliotekwa bara wakatembezwa hadi pwani. Mwaka 1872 kimbunga kiling'oa mikarafuu mingi ya Unguja, na tangu hapo Pemba ndiyo yenye karafuu nyingi. Utumwa wenyewe ulikomeshwa kisheria Zanzibar mwaka 1897. Mimi naona mtoto wa Nuremberg anastahili kuyajua haya kama anavyojua kisa cha Kaisari na biskuti zake, na mtoto wa Kilwa vilevile. Nilisema hivyo mezani, na mwalimu akaniomba nirudie polepole ili mkalimani wa darasa apate kila neno.

Biskuti zilitoka jikoni, tukazipaka sukari iliyoyeyushwa, nyingine chokoleti, tukapachika lozi juu.

Mkitaka kujaribu nyumbani, korosho za Mtwara zinafaa badala ya lozi. Pigeni mayai matatu na kikombe kisichojaa cha sukari. Tieni korosho zilizosagwa gramu 300, maganda ya machungwa mliyoyapika kwenye sukari, kijiko kimoja kikubwa cha viungo mchanganyiko, karafuu iwe kidogo kwa sababu ina nguvu, na nusu kijiko kidogo cha beki poda. Pakeni juu ya karatasi ya kuokea iliyopakwa mafuta, mfunike kwa kitambaa, mziache zilale. Asubuhi ziokeni kwa moto mdogo dakika 20 au zaidi kidogo. Kama hamna jiko la umeme, palieni makaa juu na chini, juu yazidi kidogo, na moto aushike mtu mzima. Zikipoa zitieni ndani ya kopo lenye kifuniko pamoja na kipande cha tofaa, mkibadilishe kila siku kisije kikaoza. Unyevu wake utazilainisha, na siku ya tatu zitakuwa tamu kuliko siku ya kwanza.