Somo la Redio: Mstari Katikati ya Nukta

Kaeni vizuri, mshike kalamu, rula na daftari. Leo tunaanza ekonometriki, maana yake ni kupima mambo ya uchumi kwa hesabu. Jina hilo lilitumiwa mwaka 1926 na Ragnar Frisch, mtaalamu wa Norwei. Mwalimu wenu ana slaidi tatu, yaani picha za kuonyeshwa ukutani. Ataonyesha moja moja, msije mkasoma jibu kabla ya kufikiri.

Slaidi ya kwanza. Mnaona mistari miwili tu. Ule wa kulala ni pato la nyumba kwa siku. Ule wa kusimama ni fedha ya chakula.

Slaidi ya pili. Sasa ziko nukta tano, na kila nukta ni nyumba moja. Tuseme ni nyumba za Tandika. Ya kwanza hupata shilingi 10,000, chakula 7,000. Ya pili hupata 20,000, chakula 11,000. Ya tatu hupata 30,000, chakula 15,000. Mbili zilizobaki hupata 20,000 kila moja. Lakini yenye watoto wengi hutumia 14,000, na ya mtu mmoja hutumia 8,000. Nakilini picha hii, kisha pigeni mstari upitao katikati ya nukta.

Slaidi ya tatu. Linganisheni mstari wenu na huu. Pato likizidi kwa 10,000, chakula huzidi kwa 4,000. Nukta mbili ziko nje ya mstari. Msizifute! Zinatufundisha kwamba pato si sababu pekee. Idadi ya walaji nayo ina nguvu.

Tazameni tena. Nyumba ya kwanza hutoa shilingi 7 katika kila 10 kwa chakula. Ya tatu hutoa 5. Ernst Engel wa Ujerumani alilieleza jambo hili mwaka 1857: kadiri jamaa ilivyo maskini, ndivyo chakula kinavyomeza sehemu kubwa ya pato lake. Basi, bei ya unga ikipanda, nani ataumia kwanza? Ajuaye kusoma picha hii hadanganywi na mtu asemaye kwamba sote huumia sawasawa.

Kazi ya nyumbani: andikeni pato na fedha ya chakula kwa siku saba. Jumlisheni, kisha gawanyeni kwa saba. Msiandike jina. Juma lijalo kila mmoja atatia nukta yake ubaoni. Kwaherini.