Dally Messenger, mwasi mwenye rekodi zake

Mwaka 1907 raga ya Australia ilikuwa ya wachezaji 15 na ya ridhaa, maana yake ukivunjika bega, dawa unajinunulia. Alec Burdon, kinyozi wa Sydney, aliumia bega, na chama hakikumfidia chochote kwa siku alizokosa kazi. Mwaka huohuo, mechi moja dhidi ya New Zealand pale Sydney iliingiza watazamaji zaidi ya 50,000. Fedha za viingilio wachezaji waliziona kwa macho tu. Wenye hasira wakaanza kukutana katika duka la vifaa vya michezo la Victor Trumper, nyota wa kriketi, wakiipanga ligi ya kulipana, kama ile ya kaskazini mwa Uingereza iliyojitenga tangu 1895.

Walimhitaji mtu wa kujaza uwanja, na aliyekuwepo alikuwa mmoja: Herbert Henry Messenger, maarufu kama Dally, aliyezaliwa 1883 na kukulia kwenye karakana ya mashua ya baba yake. Inasimuliwa kwamba mama yake ndiye aliyepaswa kushawishiwa kwanza. Agosti 1907 akahama. Sidhani kama kuna uhamisho mwingine uliougeuza mchezo wa nchi nzima kwa kasi ile: mwaka uliofuata ligi mpya ya Sydney ilikuwa imekwishaanza.

Lakini kwanza alipanda meli. Timu ya kulipwa ya New Zealand ya Albert Baskerville, ambayo magazeti ya Sydney yaliibeza kwa jina la All Golds, ilimchukua kwenda Uingereza akiwa Mwaustralia pekee kikosini, na akarudi akiwa mfungaji bora wa ziara. Ndani ya mwaka mmoja alikuwa ameichezea New Zealand mechi za kimataifa, kisha akaichezea Australia dhidi ya New Zealand hiyohiyo. Leo kanuni zingemkwamisha mapema. Baskerville, masikini, alifariki kwa nimonia mjini Brisbane Mei 1908, akiwa na miaka 25.

Kwa takwimu, mwaka wake ni 1911: pointi 270 katika msimu mmoja. Zitazame vizuri. Trai ilikuwa na pointi 3 na teke la goli 2. Mpira ulikuwa wa ngozi, ukilowa unakuwa mzito, na mpigaji alichimba ardhi kwa kisigino apate pa kuuegesha. Rekodi hiyo ilidumu hadi 1935, alipoipita Dave Brown, naye mchezaji wa Eastern Suburbs, klabu ileile ya Messenger ambayo leo inaitwa Sydney Roosters.

Klabu hiyo ilitwaa ubingwa 1911, 1912 na 1913. Ngao iliyoshindaniwa ilikuwa ibaki moja kwa moja kwa watakaoshinda mara tatu mfululizo, nao wakaamua kumkabidhi nahodha wao aende nayo nyumbani. Hiyo kwangu inazidi medali yoyote. Messenger akastaafu hapohapo.

Tuzo ya mchezaji bora wa ligi ya Australia, Dally M, ina jina lake tangu 1980, na mwaka 2018 aliingizwa katika kundi dogo la magwiji wanaoitwa wasiokufa, pamoja na huyo Dave Brown.

Rekodi yake ndefu kuliko zote, hata hivyo, ni ya chuki. Alipohama, chama cha raga ya wachezaji 15 cha New South Wales kilifuta takwimu zake zote vitabuni, kana kwamba hakuwahi kukanyaga uwanja wao. Messenger alifariki 1959 bado hayumo. Walimrudisha 2007, baada ya miaka 100 kamili.