Nani Aliwachagua Watoto wa Katwe?

Jioni ikifika hapa mpakani, iwe Busia au kule Tororo, vibanda vya video vinajaa. Watoto wetu wanajua majina ya mastaa wote. Lakini waulize nani alimtafuta huyo staa, au nani aliamua sufuria ikae wapi: kimya. Na sisi hatukuwahi kujiuliza, mpaka mama mmoja alipotuuliza: akija mtu na kamera, anataka mwanangu aigize, nimwulize nini?

Tumeona tumjibu kwa habari za Dinaz Stafford.

Jina lake hulisikii redioni. Kazi yake ni kutafuta watu wa kuigiza. Alikuwa na mwongozaji Mira Nair katika Salaam Bombay!, sinema ya mwaka 1988 ya watoto wa mitaani huko India. Watoto kama 130 waliingia mafunzoni, wakabaki 24. Sinema ilipokwisha, wahusika hawakukunja tu virago wakaondoka. Mapato yake yalisaidia kuanzisha Salaam Baalak Trust, shirika la kuhudumia watoto wa mitaani. Lakini tusidanganyane jamani. Shafiq Syed, kijana aliyeigiza mhusika mkuu, alipata tuzo ya taifa, na baadaye akawa dereva wa bajaji.

Nair alipokuja kutengeneza Queen of Katwe, iliyotoka mwaka 2016, Stafford ndiye aliyepewa kazi ya kumpata binti wa kuigiza kama Phiona Mutesi, yule msichana wa Katwe, Kampala, aliyejulikana kwa mchezo wa sataranji. Wangeweza kuchukua mtoto wa ng'ambo, mambo yakaisha haraka. Hapana. Waliangaliwa mamia ya wasichana, na Madina Nalwanga akapatikana kwenye darasa la ngoma. Binti huyu naye alishawahi kuuza mahindi barabarani, sawa na Phiona mwenyewe. Hapo tunamvulia kofia Stafford. Maneno ya kusema mtu anafundishwa, lakini kutembeza mahindi huku unakwepa magari na bado unaita wateja, hayo nani atakufundisha kwa wiki mbili?

Upande wa pili yuko Stephanie Carroll, mbunifu wa mandhari, yaani msimamizi wa kila kitu unachokiona nyuma ya mwigizaji. Naye alishafanya kazi na Nair katika Monsoon Wedding ya mwaka 2001. Wengi tunadhani ukishafika Katwe na kamera, basi, imetosha. Sivyo. Sehemu ya picha ilipigwa Uganda na sehemu Johannesburg, na mtazamaji hatakiwi kushtuka. Jiko, kandambili mlangoni, jerikani ya njano, rangi ya ukuta, vyote lazima vikubaliane. Hata boda boda, ambazo jina lake lilizaliwa hapa hapa Busia. Akina mama wa kambini, kazi hii mngeiweza sana. Nani anajua kuliko ninyi jinsi chumba kimoja kinavyopangwa kikalaza watu saba?

Sasa mama, maswali yako. Muulize mtu huyo nani atakaa na mtoto kutwa nzima, shule itakuwaje, malipo yameandikwa wapi, na kamera zikishaondoka utampigia nani simu. Ombeni karatasi, muisome na mtu mwingine kabla ya kuweka sahihi. Akikasirika, mrudishe na kamera yake.

Swali hilo la mwisho si dogo. Katika Queen of Katwe yumo mtoto Nikita Waligwa, aliyeigiza kama Gloria, yule anayemfundisha Phiona jinsi kila kete inavyotembea. Mwaka 2016 madaktari walimkuta na uvimbe kwenye ubongo. Mira Nair alikuwa miongoni mwa waliohangaika kutafuta hela za kumpeleka India kutibiwa. Alipata nafuu, uvimbe ukarudi, akafariki Februari 2020 akiwa na miaka 15. Mkiiona sinema hiyo kibandani, mwangalieni: ni yule mdogo anayeongea haraka haraka, akimwonyesha dada mkubwa namna ya kucheza.